Mwaka wa Mtama Mweusi

Bi Mariamu alizikwa Embu mwezi uliopita, alasiri, kwa ile haraka ya Waislamu inayotukuta sisi wengine bado tunatafuta viatu. Nilipofika, wanaume walikuwa wakirudi kutoka makaburini, nami nikaelekezwa kwenye chumba cha wanawake, mkekani, ambako niligundua kwamba magoti yangu hayajui tena kukunjwa. Binti mmoja wa ukoo aliniletea chai, akaniuliza kwa adabu, "Na wewe mama, marehemu alikuwa nani wako?" Nikamwambia nilikuwa mpangaji wake. Lini? Wakati wa Emajensi, ile hali ya hatari ya Waingereza ya miaka ya hamsini, mwaka mmoja tu. Akanitazama jinsi watu wanavyomtazama mgeni aliyekosea nyumba. Mimi ndiye yule anayelipwa na magazeti kuandika makala kuhusu jambo lolote, kuanzia mbolea hadi tabia za mchwa, na siku hiyo sikupata hata sentensi moja ya kumweleza mtoto yule kwa nini mwanamke mzima afunge safari kwa ajili ya mwenye nyumba wa zamani. Nikanywa chai yangu. Njiani kurudi Nairobi nilijisikia mchovu kuliko safari yenyewe ilivyostahili, na hapo nikajua kwamba itanibidi niandike.

Wazazi wangu na shule ya misheni ya kule Githongo nitawapita. Kila anayeandika maisha yake huanza na babu yake, na babu yangu hakuwa na mengi ya kusema hata alipokuwa hai. Inatosha kwamba nilimaliza shule nikijua vitu viwili, kuchora majani na kuimba sauti ya pili, na cha pili hakikuwa na mshahara. Kituo kimoja cha kilimo karibu na mji wa Embu kilikuwa na mzungu aliyetaka mtu wa kumchorea magonjwa ya mimea. Nikaandikiwa pasi ya kutoka Meru, maana siku hizo Mmeru hakuvuka mto bila karatasi, nikapelekwa kulala kwa Mzee Hamisi, mwenye bucha, kwa kuwa serikali iliwahesabu Waislamu wa mjini kuwa watu wasio na habari na wapiganaji wa msituni. Baba yake Mzee Hamisi alikuwa mpagazi kutoka Unyamwezi, mama yake Mkamba. Mkewe, Bi Mariamu, alizaliwa Mbeere na akasilimu alipoolewa. Nyumba nzima iliongea Kiswahili kwa sababu hakuna lugha nyingine iliyowatosha wote.

Chumba changu kilikuwa zamani cha kuhifadhia ngozi, na ngozi hazikuwa zimesahau. Kilikuwa na kitanda cha kamba, dirisha la ukubwa wa sahani, na ukuta wa udongo ambao ukiuegemea unaondoka nao mgongoni. Kwa mwenye bucha watu hula kile ambacho hakikununuliwa. Nyama ya paja niliiona ikining'inia tu. Sisi tulikula utumbo, mapafu, na siku za Ijumaa supu ya kichwa na chapati. Kiswahili changu kilikuwa cha vitabu vya misheni, na Bi Mariamu alikifurahia kuliko redio. "We Kagendo, unaongea kama Mtume Paulo," aliniambia wiki ya kwanza, nilipomwomba chumvi. Kisha akamgeukia mumewe. "Hamisi, mpe huyu chumvi kabla hajatuandikia waraka." Mzee Hamisi alicheka kidogo tu. Alikuwa mtu wa kuchoka mapema. Alisema kwamba tangu Emajensi ianze, hata ng'ombe wanafika bucha wakiwa na wasiwasi.

Kazi yangu ilikuwa katika chumba kirefu kilichokuwa zizi la farasi. Mzungu wangu alikuwa mwembamba, mpole, mwenye kikohozi, na watu walimwita Bwana Ukungu, kwa kuwa hakuna kitu kingine duniani kilichomshughulisha. Kabati zake zilijaa bahasha za mimea iliyokauka. Mwaka ule alikuwa ameamua kuipanga upya familia moja ya kuvu, ile inayogeuza punje kuwa masizi. Vitabu vya kilimo huuita ugonjwa huo fugwe. Sisi tuliuita masizi tu. Jina lake la Kilatini lina asili katika neno la kuungua, nami nilichora vumbi lake chini ya hadubini mpaka nikawa naliona kwenye uji. Bwana Ukungu alinifundisha kwamba kuvu hazipangwi kwa madhara yake bali kwa vumbi lake la uzazi: rangi yake, ganda lake, kama lina miiba au ni laini, linavyochipua. Mtama peke yake una fugwe tatu zinazofanana machoni mwa mkulima. Moja hula suke zima na hutoka udongoni. Nyingine hupasuka mapema na kupeperuka. Ya tatu, ya kufunikwa, hukaa kimya ndani ya vifuko vidogo vya kijivu pale punje zilipopaswa kuwa. Mtama ukipurwa vifuko vinapasuka, vumbi linashika kwenye punje nzima zilizo jirani, na linapandwa pamoja nazo. Mche unakua kijani, mzuri, bila dalili yoyote, mpaka suke litoke.

"Porini iko mzuri kabisa," aliniambia siku moja kwa Kiswahili chake cha jikoni, akinionyesha jani pori la ukoo wa mtama lenye suke moja jeusi. "Hii napunguza majani, majani hapana jaa mahali yote. Dudu nakula vumbi yake. Kila mtu napata kidogo. Ugonjwa nakuja kama watu naweka kila kitu pamoja." Nilikubali kwa kichwa kama mwanafunzi mzuri. Nje ya dirisha letu malori yalipita yakipeleka watu kuchujwa, ijulikane nani ni wa serikali na nani amekula kiapo cha msitu. Serikali nayo ilikuwa na upangaji wake, mwepesi kuliko wetu: weupe, wa kijivu na weusi, na haikuhitaji hadubini.

Mdogo wake Bi Mariamu aliitwa Igoki. Aliishi katika kijiji kipya cha Emajensi, chini kuelekea Mbeere, kule joto linakoanza. Watu wa maboma yaliyotawanyika walikuwa wamekusanywa mahali pamoja, vibanda vimebanana, na handaki likachimbwa kuzunguka. Ili msitu usipate chakula, amri ilikuwa kwamba hakuna nyumba itakayoweka nafaka. Mtama wote ulipurwa kwenye uwanja mmoja mbele ya homgadi, wale walinzi wenyeji wa serikali, ukawekwa kwenye ghala moja, na kila familia ikapimiwa wake. Igoki ndiye aliyepewa kupima, kwa kuwa alijua kusoma mizani. Hata mbegu ilitoka mkononi mwake. Zamani kila mama wa boma alichagua masuke ya mbegu yangali shambani, akayafunga na kuyaning'iniza juu ya meko, kwenye moshi, na hayakupurwa pamoja na mtama wa kula. Alifikicha punje kwa vidole asubuhi ya kupanda. Hilo nalo lilikatazwa, maana suke lililofichwa darini lilihesabiwa kuwa ni la watu wa msituni.

Mwanzo wa mwaka ule masuke yalitoka, na karibu nusu yake yalikuwa meusi. Wanawake wa kijiji walikuwa na maelezo. Mume wa Igoki alikuwa amefia kizuizini na kuzikwa huko huko, bila yeyote wa nyumbani kuuona mwili, na kwa hiyo mjane hakutakaswa kama desturi inavyotaka. Mkono usiotakaswa ulikuwa umepima mbegu ya kijiji kizima. Mkubwa wa homgadi, mtu mmoja aitwaye Nyaga, alikuwa na maelezo mengine. Alipekua kibanda cha Igoki akakuta kibuyu kimejaa vumbi jeusi. Akasema ni sumu, au dawa ya kiapo, au vyote viwili, na kwamba mwanamke huyo alikuwa akiitia katika ghala la serikali.

Ukweli wa kibuyu kile tuliupata siku ya tatu baada ya Igoki kukamatwa, Bi Mariamu aliporudi kutoka kumtazama ndugu yake kwenye kituo cha homgadi. Alikaa jikoni bila kuvua buibui. "Ati alikuwa anachagua vile vijifuko vyeusi kwenye mtama wa ghala," alisema. "Kila akipima, anatoa, anatia kwenye kibuyu. Nikamwuliza, mama yangu, taka unaweka za nini? Akaniambia, dada, ghala linapimwa. Nikitupa, uzito utapungua, watasema nimepelekea watu wa msitu. Nimeweka ili nionyeshe kwamba sikuiba."

Mzee Hamisi aliweka kikombe chini. "Basi angetupa."

"Angetupa wangemfunga kwa wizi. Hakutupa, wanamfunga kwa sumu. Wewe nawe, niambie pa kupita."

"Mimi ni mtu wa nyama, Mariamu."

Bi Mariamu akanigeukia mimi. Kwa mara ya kwanza hakunitania. "Kagendo, mwanangu, huyo mzungu wako si kazi yake kuangalia uchafu wa majani? Wanasema watampeleka kambi ya wanawake. Akienda huko hatujui atarudi lini. Mwambie aangalie."

Haikunibidi kuomba. Ofisa wa tarafa, ambaye wote tulimwita Bwana D.O., alikuwa tayari amekileta kibuyu kile kituoni kwetu na swali moja: sumu au si sumu? Bwana Ukungu alikifungua kwa furaha ambayo sijamwona nayo mtu mwingine kwa ajili ya kibuyu. Vifuko vingi vilikuwa bado vizima. Aliloweka vumbi, akaangalia, akaniita niangalie, nikachora. Lilikuwa laini, la mviringo, bila mwiba hata mmoja. Hakukuwa na shaka kwetu sisi wawili. Ilikuwa fugwe ya kufunikwa, ile inayosafiri kwenye mbegu, na maana yake ilikuwa moja tu: ilienezwa na uwanja wa kupuria. Shamba moja lenye ugonjwa kidogo, ambalo zamani lingebaki na ugonjwa wake, lilikuwa limepurwa pamoja na mashamba yote. Amri yenyewe ndiyo iliyokuwa imepaka kijiji masizi.

Nilifurahi. Nilikuwa na miaka kumi na tisa na nilidhani kwamba jibu sahihi ni kitu unachompa mtu naye anakushukuru. Bwana Ukungu alikaa akikohoa, kisha akaniuliza D.O. ni mtu wa namna gani. Nikasema ni mtu wa kukasirika. "Ndiyo," akasema. "Kama mimi nasema hii nakuja sababu ya amri yake, yeye nakasirika sana. Lakini hasira yake hapana anguka juu yangu. Naanguka juu ya mama ile." Akafunika hadubini kwa kitambaa chake, taratibu, kama mtu anayefunika sahani ya mgonjwa aliyekataa kula.

Baraza lilifanyika kijijini, kwenye uwanja ule ule wa kupuria. Igoki alikalishwa chini mbele, na hapo ndipo nilipomwona mara ya kwanza: mwanamke mrefu, mwenye shingo ya dada yake. Bwana Ukungu alisema kwa Kiingereza, mimi nikageuza kwa Kiswahili, na Nyaga akageuza kwa Kimbeere, bila kupenda. Nilisema kwamba vumbi hili si sumu, wala halikusagwa na mtu. Ni kuvu ya familia fulani, familia kubwa ya zamani, inayoishi kwenye nyasi na nafaka dunia nzima, hata Ulaya, na hakuna mkono wa mtu unaoweza kuitengeneza. Nilipofika kwenye Ulaya mzee mmoja alinong'ona jambo, na jirani yake akaficha kicheko. Baadaye niliambiwa alisema, "Kwa hiyo imekuja na wao."

D.O. aliuliza, "Imetoka wapi, hasa?"

Nilikuwa na mchoro wangu kwenye mkoba, na jina kamili chini yake kwa mwandiko wangu bora. Bwana Ukungu aliangalia kofia yake. Akasema kwamba familia tunaijua bila shaka yoyote. Kuhusu aina yenyewe ndani ya familia hiyo, utafiti bado unaendelea. Nikageuza: utafiti bado unaendelea. Tangu siku hiyo nimeisikia sentensi hiyo kutoka kwa serikali mbili na vyuo vikuu vitatu, na kila mara nasikia kikohozi cha mtu yule. Ilitosha. D.O. alipata kitu ambacho si sumu na si kosa lake. Igoki akaambiwa aondoke.

Alisimama, akajipangusa. Wanawake waliokuwa karibu na njia yake wakavuta shuka zao zisimguse.

Hakuweza kukaa pale. Bi Mariamu alimpatia pasi ya kuja mjini kumsaidia, na kwa miezi kadhaa tukalala chumba kimoja, mimi na yeye na ngozi zisizokuwepo. Alisafisha utumbo vizuri kuliko mtu yeyote, kwa maji mengi na majivu. Ramadhani ilipofika, mimi na yeye tuliokuwa Wakristo tulikula viazi baridi mchana nyuma ya banda la kuni, tukitafuna polepole ili tusisikike, ingawa Mzee Hamisi alitwambia kila siku tule wazi kwani Mungu hatachanganya hesabu. Ni kule nyuma ya banda ndipo aliponiambia alichokuwa akingojea. Mbegu iliyopandwa mvua zilipoanza ilikuwa imeshapurwa na kuingizwa ghalani kabla hajafukuzwa. Mkono wake haukuigusa tena. Sasa alipima mtu mwingine.

"Kama mtama ukitoka mweusi tena na mimi siko," alisema, "watajua si mimi. Nitarudi nyumbani."

"Utatoka mweusi," nikamwambia. "Ugonjwa uko kwenye mbegu. Uwanja ni ule ule. Hauwezi kutoka vingine."

"Una hakika?"

"Nimeuchora."

Akaangalia kiazi chake. "Ni dhambi kuombea watu mtama mbaya?" Nikamenya kiazi changu nikipekua kichwani nyaraka za Mtume Paulo. Akasema, "Naombea kidogo tu. Usiwe mwingi. Uwe wa kutosha kuonekana."

Kwa hiyo tulingoja, sisi wawili, tukiutakia kijiji masizi ya kiasi. Kila siku ya soko aliwauliza watu wa kule chini mtama umefika wapi. Umefika magotini. Umefika kifuani. Unatoa masuke. Nilimtuliza kwa sayansi yangu, nikamweleza jinsi kuvu ilivyo ndani ya shina wakati huo huo, inapanda pamoja nalo, na yeye alisikiliza kama mtu anayesimuliwa habari za ndugu anayekuja kwa miguu.

Aliyekuja alikuwa Mama Njiru, jirani yake wa zamani kijijini, baada ya mavuno ya katikati ya mwaka. Alileta kikapu cha unga wa mtama mpya, akamkabidhi Bi Mariamu, si Igoki, akakaa kwenye kigoda karibu na mlango. Unga ulikuwa mweupe. Bi Mariamu akauliza kuhusu mvua, kuhusu watoto, kuhusu handaki. Hatimaye Igoki mwenyewe akauliza kutoka jikoni, bila kutoka, "Na masizi?"

"Hakuna," Mama Njiru akajibu akitazama miguu yake. "Hapa na pale suke moja. Tunamshukuru Mungu. Tangu…" Hakumaliza.

Nilikasirika kwa niaba ya kuvu. Nikamwambia haiwezekani, ile mbegu ya ghala ilikuwa na ugonjwa, labda wameletewa nyingine. Mama Njiru akachungulia nje, akapunguza sauti. "Mwalimu, ile ya ghala nani alipanda? Ile ilikaa kwenye ghala alilolishika yeye. Tulichukua, tukaitupa mtoni. Tulichagua masuke wenyewe shambani kabla ya kuvuna, tukaficha kwenye paa, kwenye moshi. Nyumba zote. Nyaga akijua atatuua, lakini heri Nyaga." Akamtazama Bi Mariamu kwa huruma ya kweli. "Usikasirike, mama. Umeona mwenyewe vile umekuwa mweupe."

Kwa hiyo walikuwa wamefanya kile hasa ambacho Bwana Ukungu angewaambia, kama angethubutu: walitenga mbegu, wakachagua masuke safi, hawakuyapeleka uwanjani. Walifanya hivyo kwa kumkimbia Igoki. Utabiri wangu ulikuwa sahihi kuhusu kila kitu isipokuwa wanawake, na mtama mzuri ulikuwa umemhukumu mtu ambaye baraza lilimwachia.

Mama Njiru alipoondoka nilisimama nimfuate. Nilikuwa na maneno yote tayari. Igoki alinishika mkono, na mkono wake ulikuwa na baridi ya maji ya utumbo.

"Unakwenda kuwaambia nini?"

"Kwamba si wewe. Ni ule uwanja. Kwamba wamejiponya wenyewe."

"Wakijua si mimi, mwaka ujao wataficha tena mbegu kwenye paa?"

Nikataka kusema ndiyo. Nikamfikiria Nyaga, na kiboko chake, na vibanda vilivyobanana, na jinsi ilivyo rahisi kumpelekea homgadi kila suke ukiwa huna cha kuogopa zaidi. Nikasema labda hawataficha, na masizi yatarudi.

"Nyaga wanamwogopa," alisema. "Mimi wananiogopa zaidi. Ukiniondoa mimi anabaki Nyaga peke yake." Alisema bila uchungu, kama mtu anayepima. "Watoto wangu wawili walizikwa kule kabla ya haya yote. Ningependa kurudi. Lakini usiwaambie."

Bi Mariamu alikuwa amesikia. Akamsogezea ndugu yake kikapu. Igoki akachota unga kiganjani, akaupeleka kwenye mwanga wa mlango, akausugua kwa kidole gumba akitafuta doa. Hakuliona. Akaweka maji motoni.